Shubiri Moja ya Hewa: Tathmini ya Onyesho la Ngao za Vyombo vya Anga, Ngamiani, Tanga

Jumamosi mbili mfululizo nimeingia katika onyesho la ngao za vyombo vya anga, yaani kuta za kuvikinga na punje na vipande vinavyovigonga huko juu, linalofanyika kwenye ukumbi wa kukodi pale Ngamiani, jijini Tanga. Mara ya kwanza nilikwenda peke yangu, mara ya pili niliongozana na wanafunzi 26 wa kidato cha tatu ninaowafundisha fizikia. Kiingilio ni shilingi 3,000 kwa mtu mzima na 1,500 kwa mwanafunzi aliyevaa sare, na onyesho lenyewe huanza saa tisa alasiri na kuchukua muda wa saa moja na nusu hivi. Walimu wenzangu na wazazi kadhaa wameniuliza kama safari hiyo ina faida. Ninaona inayo, na sababu kubwa ni meza moja iliyo katikati ya ukumbi. Lakini yapo mambo mawili yanayosemwa pale ambayo hayako sawa, na mwalimu asipoyasahihisha, mtoto ataondoka na elimu pungufu.

Mgeni hukutana kwanza na mabango, ambayo yamebandikwa ukutani kuanzia mlangoni. Mengi ni picha nzuri zenye maelezo machache, na mtu anaweza kuyamaliza kwa dakika kumi. Lililowavuta wanafunzi wangu kuliko yote linaonyesha dirisha la chombo cha Marekani, Challenger, baada ya safari yake ya Juni 1983. Kwenye kioo kuna kishimo cha upana wa milimita chache tu, na kilichokichimba ni chembe ya rangi iliyobanduka, chembe isiyofikia hata nusu milimita. Kioo kililazimika kubadilishwa. Mwanafunzi mmoja alisimama mbele ya picha ile akakwaruza rangi ya fremu ya mlango kwa ukucha, akaitazama chembe iliyobaki kidoleni, kisha akaitazama tena picha. Nikajua kwamba somo limekwisha kuingia kabla hata ya kuketi.

Bango la jirani lina hesabu ambayo niliirudia ubaoni siku ya Jumatatu. Tufe la alumini lenye upana wa sentimita moja lina uzito wa gramu 1.4 hivi, na likikigonga chombo kwa kasi ya kilomita 10 kwa sekunde, ambayo ndiyo wastani wa migongano ya takataka za angani (vipande vya setilaiti na roketi zilizokwisha kazi) katika njia za setilaiti zilizo karibu na dunia, hubeba nishati ya jouli 70,000. Bango linalinganisha nishati hiyo na gari dogo lililo mwendoni. Mimi darasani nilitumia mfuko wa simenti wa kilo 50, kwa kuwa hapa Tanga hakuna mtoto asiyeujua uzito wake. Mfuko huo ungelazimika kudondoshwa kutoka kimo cha mita 140 hivi ndipo ufikishe nishati ileile, na nishati yote hiyo iwe imekusanyika kwenye kitu kisichozidi punje ya njegere. Punje za asili, zile zinazotokana na vumbi la kometi (nyota zenye mkia) na mawe ya angani, huenda kwa kasi zaidi bado, wastani wa kilomita 20 kwa sekunde, ingawa nyingi ni ndogo mno.

Hapo nina neno kuhusu lugha. Mabango yanatumia jina kimondo kwa kila kilichotoka angani, na mtoto wa Kitanzania akisikia kimondo hukumbuka Kimondo cha Mbozi, lile bonge la chuma la tani kadhaa lililoko mkoani Songwe ambalo picha yake imo vitabuni. Kinachotishia setilaiti kila siku ni kitu cha ukubwa wa mchanga au chini ya hapo. Laiti wangesema vijimondo, au punje za vimondo, msikilizaji angepata taswira iliyo sahihi tangu mwanzo. Kibaya zaidi ni kwamba nusu ya mabango yameandikwa kwa Kiingereza kitupu, ilhali ukumbi umejaa watu waliolipa ili waelewe kwa lugha yao. Mwendeshaji hulazimika kuzunguka akitafsiri, na wale walio nyuma hawasikii.

Sasa meza. Upande mmoja imefungwa manati kubwa kwa skrubu, na upande wa pili kuna reli mbili za mbao ambazo kati yake huchomekwa fremu. Risasi ni vidonge vya udongo wa mfinyanzi vilivyokaushwa juani, kila kimoja kikiwa na ukubwa wa gololi. Watazamaji huketi nyuma ya plastiki ngumu inayoangaza kama kioo, jambo ambalo kama mwalimu nililikagua kabla sijawaruhusu wanafunzi waketi, nami niliridhika nalo. Mwisho wa reli huwekwa boksi gumu lililopakwa rangi nyeusi, ili vumbi la udongo lionekane vizuri.

Katika hatua ya kwanza, kidonge hurushwa moja kwa moja kwenye boksi. Kinatoboa, na kinaacha tundu la duara ambalo mwendeshaji hupitisha kidole chake ili kila mtu alione. Katika hatua ya pili, boksi jipya huwekwa, na mbele yake, kwa umbali wa shubiri moja, huchomekwa fremu yenye wavu wa dirishani, ule wa waya wa kuzuia mbu. Kidonge kinapiga wavu, kinapasuka, na boksi lililo nyuma linabaki zima, limepakaa vumbi jekundu kwa duara lenye upana wa kisahani cha chai. Nililiomba boksi lile nikalishika mkononi. Nilihesabu vidonda 19 vidogo juu yake, na hakuna hata kimoja kilichopenya. Hatua ya tatu ndiyo iliyonifanya nirudi na wanafunzi wiki iliyofuata. Mwendeshaji huchukua wavu wa aina ileile na boksi la aina ileile, lakini safari hii huvibana pamoja kwa vibanio vya nguo, pasiwe na nafasi yoyote kati yake, kisha hurusha kidonge kingine. Vyote viwili hutoboka.

Nimefundisha fizikia kwa miaka mingi na sijaona njia iliyo wazi kuliko hiyo ya kuonyesha kwamba katika ngao ya namna hii nafasi iliyo wazi ni sehemu ya ngao yenyewe. Wavu ule mwembamba hauna nguvu ya kuzuia chochote. Kazi yake ni kukivunja kinachokuja, na kazi ya nafasi ni kuyapa mavunjiko muda wa kutawanyika, ili ukuta wa nyuma usipigwe mahali pamoja na kitu kimoja, bali upigwe na vumbi lililosambaa juu ya eneo pana. Wazo hilo lilitolewa na Fred Whipple, mwanaastronomia wa Marekani, mwaka 1947, miaka kumi kamili kabla ya setilaiti ya kwanza kuzunguka dunia, na hadi leo ngao hiyo inaitwa kwa jina lake.

Mara ya kwanza nilipohudhuria, mzee mmoja aliyejitambulisha kuwa fundi bati alisimama wakati wa maswali. Mwendeshaji, binti wa makamo ya wanangu, alimwamkia kwanza, na mzee alipokwisha kuitikia marahaba akasema: "Mwanangu, mimi nimekata mabati tangu ujana wangu. Badala ya mabati mawili membamba na nafasi katikati, si wangeweka moja nene, tukamaliza kazi?" Binti akamjibu: "Babu, kwa bati nene utazuia, lakini utazuia kwa uzito, na huko juu kila kilo hulipiwa. Tena hilo bati nene likipigwa kwa kasi ile, hata kama halikutoboka, upande wa ndani hubanduka vipande, na vipande hivyo ndivyo vinavyowajeruhi walio ndani." Mzee akatafakari kidogo, akasema ni kama ukuta wa lipu: ukiugonga kwa nyundo upande wa barabarani, lipu hudondoka upande wa sebuleni. Binti alimshukuru, na Jumamosi iliyofuata nilimsikia akiutumia mfano ule ule, akieleza kwamba amefundishwa na mzee wake wa hapa hapa Tanga.

Baada ya meza kuna kipande cha mfano wa ukuta wa Kituo cha Anga cha Kimataifa, kilichotengenezwa kwa vipimo halisi, na wageni wanaruhusiwa kukigusa. Kwa maabara ya Marekani iitwayo Destiny, bati la nje ni alumini ya milimita 2, ukuta wa ndani unaoshikilia hewa ya wanaanga una milimita 4.8, na kati yake kuna nafasi ya sentimita 11 hivi. Katikati ya nafasi hiyo wametandika tabaka za kitambaa: kwanza Nextel, ambacho nyuzi zake ni za kauri, kisha Kevlar, kitambaa kilekile kinachotumika katika fulana za kuzuia risasi. Kazi ya kile cha kwanza ni kulivunja tena vumbi lililopita bati la nje, na kazi ya cha pili ni kulikamata na kulipunguzia mwendo. Kwa kuwa vitambaa hivyo ni ghali na havipatikani hapa, waandaaji wametandika magunia ya mkonge, tabaka sita juu ya sita. Naona walifanya jambo la busara sana. Mtu wa Tanga akilishika gunia la mkonge vidole vyake vinaelewa mara moja kwamba ufumwaji hushika kitu kwa namna ambayo ubao haushiki. Uzi mmoja ukivutwa, jirani zake wote huvutwa pamoja nao. Waandaaji wamebandika kijikaratasi kinachoeleza wazi kwamba mkonge umewekwa kwa mfano tu, na kwa hilo wanastahili sifa.

Nije kwenye kasoro, nikianza na ile ya kisayansi. Katika hatua ya nne, mwendeshaji hurusha gololi ya kioo badala ya kidonge cha udongo. Gololi hupasua wavu, huvuka nafasi ikiwa nzima, na hutoboa boksi. Maelezo yanayotolewa ni kwamba "kitu kigumu hupita, kitu laini huvunjika", na hapo wanafunzi wangu wote waliandika sentensi hiyo madaftarini. Niliwaambia waifute. Kinachoamua mambo angani ni kasi kwanza. Kitu kinapogonga bati kwa kilomita 7 kwa sekunde, wimbi la mshtuko hupita ndani ya bati na ndani ya kitu chenyewe kwa mgandamizo unaozidi kwa mbali uimara wa metali yoyote. Wimbi hilo likifika upande wa nyuma hurudi likiwa la kuvuta badala ya kugandamiza, na kitu huchanika kutoka ndani. Kwa kasi hiyo hata chuma hupasuka, na alumini huanza kuyeyuka. Kasi ikiwa chini ya kilomita 3 kwa sekunde, mshtuko haufikii kiwango hicho, na punje ya alumini hupenya bati la nje ikiwa nzima au karibu nzima, kama gololi ile. Kutokana na hilo linatokea jambo ambalo wengi hawalitarajii: ngao ya Whipple inaweza kusimamisha punje inayokuja kwa kilomita 7 kwa sekunde, na punje ya ukubwa uleule ikija kwa kilomita 3 ikatoboa ukuta. Hilo ni jambo zuri mno kufundishwa, tena hatua ya nne imeandaliwa kana kwamba kwa ajili yake, na linapotea kwa sababu ya maelezo ya sentensi moja isiyo sahihi.

Ingekuwa rahisi kulinganisha pale na namna majaribio halisi yanavyofanyika. Hakuna baruti ya kawaida inayofikisha kasi hizo. Risasi ya bunduki nzuri ya vita hupita kilomita moja kwa sekunde kwa taabu, na nyingi haziifikii. Kwa hiyo maabara hutumia bunduki ya gesi nyepesi yenye hatua mbili: baruti husukuma pistoni, pistoni hubana hidrojeni ndani ya bomba refu mpaka ipasue kizibo, na hidrojeni hiyo, kwa wepesi wake, ndiyo inayorusha kijitufe kwa kilomita 7 kwa sekunde au zaidi. Bango moja tu lenye mchoro wa bunduki hiyo lingemweleza mgeni kwa nini manati ya mezani, pamoja na uzuri wake wote, inaonyesha nusu ya habari.

Kasoro ya pili ni ya maneno yanayofunga onyesho, ambapo mwendeshaji huwaambia watazamaji kwamba kwa ngao hizi "hakuna kinachopita". Nilimfuata baada ya onyesho, nikazungumza naye kwa faragha, maana sikutaka kumvunjia heshima mbele ya wanafunzi. Ngao bora za kituo cha anga zimeundwa kuzuia vitu vya hadi sentimita moja hivi. Vitu vinavyozidi sentimita 10 hufuatiliwa kwa rada kutoka ardhini, na hesabu ikionyesha kwamba uwezekano wa kugongana unazidi mmoja kati ya 10,000, kituo husogezwa kidogo kwa injini zake kama hali inaruhusu. Vilivyo kati ya vipimo hivyo viwili ni vikubwa mno kwa ngao, na vingi kati yake ni vidogo mno kwa rada. Makadirio ni kwamba vya namna hiyo vinazidi milioni moja kuzunguka dunia. Hapo wanaanga hubaki na milango ya kufungwa kati ya chumba na chumba, na vyombo vya kurudia nyumbani vilivyotia nanga tayari. Tarehe 15 Novemba 2021, Urusi ilipoivunja setilaiti yake ya zamani Cosmos 1408 kwa kombora na kusambaza vipande zaidi ya 1,500 vinavyoonekana kwa rada, wanaanga saba waliokuwa kituoni waliingia katika vyombo hivyo wakasubiri.

Tena si kila kitu angani kinaweza kuvishwa ngao. Paneli za jua haziwezi. Mnamo Agosti 2016 setilaiti ya Ulaya, Sentinel-1A, ilipigwa kwenye paneli na kipande kisichofikia sentimita moja, na picha ya kamera yake yenyewe ilionyesha jeraha la upana wa sentimita 40 hivi. Mirija ya kupozea iliyo nje nayo ni hivyo hivyo; Desemba 2022 chombo cha Soyuz MS-22 kilivuja kimiminika chake cha kupozea kupitia tundu dogo kuliko milimita moja, ambalo wachunguzi walilihusisha na kijimondo, na ikabidi kirudi duniani bila watu na kingine kipelekwe kuwachukua. Mambo haya hayawatishi watoto. Wanafunzi wangu walipoyasikia ndipo walipoanza kuuliza maswali ya kweli, na mmoja akauliza kwa nini vipande vya Fengyun-1C, setilaiti ya China iliyovunjwa mwaka 2007, havijaanguka bado. Swali hilo lilituchukua kipindi kizima cha Jumatano kuhusu hewa nyembamba iliyo juu na jinsi inavyozidi kupungua kadiri unavyopanda.

Bango bora kuliko yote, kwa maoni yangu, ni la chombo cha Ulaya kiitwacho Giotto, nalo limefichwa nyuma ya mlango wa choo, mahali ambapo mtu hulipita bila kuliona. Tarehe 14 Machi 1986 Giotto kilipita karibu na kometi ya Halley kwa kasi ya kilomita 68 kwa sekunde, kikiwa kimetanguliza ngao mbili: bati la alumini la milimita 1 mbele, na nyuma yake, kwa umbali wa sentimita 25 hivi, ngao nene yenye Kevlar. Sekunde chache kabla ya kufika karibu kabisa, punje moja ilikigonga kwa nguvu ya kukiyumbisha, mawasiliano na dunia yakawa ya kukatika-katika kwa nusu saa hivi, kisha yakarudi. Chombo kilipona. Kamera yake ilikufa, ila ilikuwa imekwisha kutuma picha za kiini cha kometi. Yeyote anayetaka kujua kama wazo la Whipple lilifanya kazi mahali pagumu kuliko pote, ushahidi wake umo kwenye bango lile, na ninawaomba waandaaji walihamishie karibu na meza.

Lipo pia bango la pwani yetu, nalo linastahili dakika chache zaidi ya zile linazopewa. Linaeleza kwamba setilaiti Uhuru, ya kwanza duniani iliyotengwa kwa ajili ya kuchunguza miali ya eksirei kutoka kwenye nyota, ilirushwa kutoka kwenye jukwaa lililo baharini karibu na Malindi tarehe 12 Desemba 1970, siku ya kumbukumbu ya uhuru wa Kenya, na ndiyo maana ikapewa jina la Kiswahili. Chini yake kuna picha ya pete ya chuma yenye upana wa mita 2.5 na uzito wa kilo 500 hivi iliyoanguka kutoka angani katika kijiji cha Mukuku, Makueni, nchini Kenya, tarehe 30 Desemba 2024. Wanafunzi walishangaa kwamba habari hizi mbili ni za jirani zetu, na mmoja akaniambia alidhani mambo ya anga huanzia Marekani na kuishia huko.

Kuhusu huduma yenyewe sina mengi. Onyesho lilichelewa dakika 35 mara ya kwanza na dakika 10 mara ya pili. Viti ni mabenchi yasiyo na mgongo. Feni mbili hazitoshi kwa joto la alasiri ukumbi ukijaa. Mwendeshaji ni mpole, ana subira, na aliposikia masahihisho yangu alitoa kalamu akayaandika nyuma ya daftari la mahudhurio, akaniomba nimrudie tena vipimo vile vya sentimita moja na sentimita 10 ili asivikosee. Sijarudi kuona kama maneno ya kufungia yamebadilika.

Mwalimu atakayewapeleka wanafunzi awaketishe upande wa kushoto, benchi la pili au la tatu, si mbele ya meza. Ukikaa mbele unaona wavu na boksi vimepangana kama kitu kimoja. Ukikaa ubavuni unaiona ile shubiri ya hewa, na kidonge kinapopasuka unaliona wingu la vumbi likitanuka ndani yake kabla halijagusa boksi. Kwa jicho hupita upesi mno, kwa hiyo mwanafunzi mwenye simu airekodi kwa mwendo wa polepole. Waandaaji wanaruhusu, ilimradi simu ibaki nyuma ya plastiki.